Kurekebisha Madai ya Fidia Baada ya Ajali ya Gari Tanga: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Ukikaa nusu siku kwenye benchi la nje ya mahakama, iwe Tanga mjini, Muheza au Korogwe, utayasikia maswali haya karibu yote. Wanaouliza ni abiria wa bodaboda, wachuuzi wa machungwa waliopinduka na Fuso, wajane wa ajali za barabara ya Segera. Wengi walishawasilisha madai yao. Kinachowasumbua ni kwamba walichoandika mwanzo kimekuwa pungufu, kina kosa, au kinamtaja mtu asiye mwenyewe.

Majibu yanaanzia mepesi na kuishia kwenye mitego. Jibu likitegemea jingine, namba ya swali imetajwa. Yote yanahusu sheria za Tanzania Bara, na hayachukui nafasi ya wakili aliyezisoma karatasi zako.

## Ya mwanzo kabisa

1. Kurekebisha madai ni kufanya nini hasa?

Ni kubadili ulichokwisha kuwasilisha: kuongeza gharama, kusahihisha jina au tarehe, kumwingiza mdaiwa mwingine, kuondoa dai lisilo na ushahidi. Namna ya kufanya inategemea karatasi zako ziko wapi. Zikiwa kwa kampuni ya bima, marekebisho ni barua na viambatisho. Zikiwa mahakamani, ni ombi ambalo hakimu anaweza kulikubali au kulikataa. Ukishasaini hati ya kukubali malipo, au hukumu ikishatoka, mara nyingi hakuna tena cha kurekebisha. Kinachobaki ni kupinga, nayo ni safari nyingine yenye gharama zake.

Ndiyo maana mtu akinijia na bandeji mguuni, nikishampa pole, namuuliza karatasi ziko wapi kabla sijamuuliza ameumia kiasi gani.

2. Dereva alipelekwa mahakamani na trafiki, akalipa faini. Fidia yangu imo humo?

Haimo. Faini huingia serikalini. Ile ilikuwa kesi ya Jamhuri dhidi ya dereva chini ya Sheria ya Usalama Barabarani, Sura ya 168, na wewe ulikuwa shahidi tu. Fidia unaifuata kwa bima au kwa kesi ya madai.

Lakini usiidharau kesi ile. Chini ya Sheria ya Ushahidi, hukumu ya mwisho ya jinai, muda wa rufaa ukishapita, huchukuliwa kuwa uthibitisho kamili kwamba aliyetiwa hatiani alitenda kosa lile. Omba nakala ya hati ya mashtaka na ya hukumu. Kama uliwasilisha madai kabla kesi haijaisha, kuongeza nakala hizo ni marekebisho mepesi kuliko yote. Ila kisu hiki kina makali kuwili: dereva akiachiwa huru, naye atakuja na karatasi yake.

3. Ninayemdai ni nani: dereva, tajiri wake au bima?

Dereva anadaiwa kwa uzembe wake. Tajiri, yaani mwenye gari, anadaiwa kwa sababu dereva alikuwa kwenye kazi yake. Kampuni ya bima hulipa kwa niaba ya mwenye gari, kwa kuwa Sheria ya Bima ya Magari, Sura ya 169, inamlazimu kila mwenye chombo cha moto barabarani kuwa walau na bima ya mtu wa tatu, ile tunayoiita bima ndogo. Abiria na mpita njia wanaingia kwenye kundi la mtu wa tatu. Dereva aliyejigonga mwenyewe kwenye nguzo haingii.

Kabla hujaandika barua yoyote, hakiki bima kwa namba ya usajili ya gari kwenye mfumo wa TIRA, Mamlaka ya Usimamizi wa Bima. Nimeona madai yakizunguka miezi kwa kampuni isiyohusika kwa sababu mtu aliisoma stika harakaharaka huku damu inamtoka. Gari likikutwa halina bima, deni la dereva na tajiri liko palepale.

4. Nina muda gani?

Kwa Sheria ya Ukomo wa Muda, Sura ya 89, kesi inayotokana na uzembe inafunguliwa ndani ya miaka 3. Kesi inayotokana na mkataba, mathalani wewe na kampuni iliyokukatia bima kubwa, ni miaka 6. Mkataba wa bima wenyewe huwa na masharti yake ya kutoa taarifa mapema, kwa hiyo usome.

Kuzungumza na bima hakusimamishi saa. Barua ya "suala lako linashughulikiwa" haisimamishi saa. Ahadi ya tajiri kwamba akiuza mkonge atakulipa haisimamishi saa. Ukifika mwaka wa tatu bila malipo, fungua kesi kwanza, mazungumzo yaendelee kesi ikiwa ndani. Muda huu ndio unaoamua pia ni marekebisho gani yatakubaliwa baadaye (tazama swali la 15).

Kuna mlango mmoja mwembamba: Waziri mwenye dhamana ya sheria anaweza kuongeza muda, usiozidi nusu ya ule uliowekwa, kwa sababu nzito. Usiupange kama mpango wako wa kwanza.

## Madai yakiwa bado kwa bima

5. Nilishajaza fomu, kisha gharama mpya zikaja. Nafanyaje?

Andika barua. Taja namba ya madai, namba ya gari, tarehe na mahali pa ajali, kisha orodhesha gharama mpya na tarehe zake, ambatisha risiti, na ubaki na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Simu pekee haitoshi, hata kama uliyezungumza naye ni mtu mwema.

Wengi wanakumbuka bili ya hospitali na kusahau mengine: nauli ya kutoka Kange hadi Dar mtu anapopewa rufaa kutoka Bombo kwenda Taasisi ya Mifupa Muhimbili, chakula na malazi ya anayemuuguza, magongo, siku ambazo genge lilifungwa. Dai risiti ya EFD kila inapowezekana. Pale isipowezekana, kama nauli ya bajaji, weka daftari na uandike siku ileile. Mahakama ya Rufani ilishasema mwaka 1992, na inarudia hadi leo, kwamba fidia mahususi, yaani hasara inayohesabika kwa shilingi, lazima itajwe waziwazi na ithibitishwe. Ukiandika "kama laki tano hivi" umejiandikia sifuri.

6. Jina langu kwenye PF3, ile fomu ya polisi ya matibabu, halifanani na la kitambulisho cha NIDA.

Hili Tanga ni la kila siku. Othman kaandikwa Athumani, Mwanahamisi kaandikwa Mwanakhamis, mwingine kaandikiwa jina la babu mahali pa baba kwa sababu aliyemtajia askari jina ni jirani. Tengeneza hati ya kiapo mbele ya kamishna wa viapo, inayosema majina yote mawili ni ya mtu mmoja, uiambatishe kwenye madai. Kosa likiwa la hospitali au la polisi, waombe pia wasahihishe kumbukumbu zao.

Usiiguse PF3 kwa kalamu yako. Herufi moja uliyoirekebisha kwa nia njema inageuza hati halali kuwa hati ya kughushi, na hapo wewe ndiye utakayeulizwa maswali.

7. Ripoti ya polisi imekosea. Inaweza kubadilishwa?

Inategemea imekosea nini. Namba ya gari, tarehe au mahali ni makosa ya kalamu. Mwandikie mkuu wa usalama barabarani wa wilaya ukiambatisha ushahidi, upate PF90, yaani ripoti ya polisi ya ajali, iliyosahihishwa, au barua ya ufafanuzi. Mahali si jambo dogo: Hale iko wilaya ya Korogwe na Segera iko Handeni, kwa hiyo ajali ya Hale ikiandikwa ya Segera jalada litatafutwa kituo kisichokuwa nalo.

Kama ripoti imekutaja wewe kuwa ndiye mkosaji, hayo ni maoni ya mpelelezi na si hukumu. Huwezi kumlazimisha ayabadili. Unachoweza ni kujenga ushahidi wako: nakala ya mchoro wa ajali, picha, ripoti ya ukaguzi wa gari, shahidi aliyekuwa pale gengeni. Mahakama hupima ushahidi wote yenyewe.

8. Niliambiwa nimepona. Sasa mguu umefupika, na chuma kinatakiwa kutolewa. Nimechelewa?

Kama hujasaini kukubali malipo na miaka 3 haijapita, hujachelewa. Hii ndiyo sababu kubwa kuliko zote ya watu kurekebisha madai, na ndiyo inayowapotezea wengi haki.

Mfupa una kalenda yake. Mtu anavunjika paja mwezi wa tatu, anawekewa chuma, mwezi wa sita anatembea kwa gongo moja, familia inamshukuru Mungu na kuipelekea bima bili iliyopo. Mwaka unaofuata daktari anasema chuma kitolewe, au mguu mmoja umekuwa mfupi, au goti halitakunja tena. Madai yaliyoandikwa mwezi wa sita hayana habari ya hayo yote.

Omba ripoti mpya ya daktari. Isiishie kwenye "anaendelea vizuri". Ieleze jeraha, matibabu yaliyofanyika, matibabu yanayotarajiwa na makadirio ya gharama yake, asilimia ya ulemavu wa kudumu, na kazi ambayo mgonjwa hataweza tena. Fundi uashi na karani wenye goti lilelile bovu hawakupoteza kitu kimoja, na ripoti isiyotaja kazi haiwezi kuonyesha tofauti hiyo. Iambatishe kwa barua kama ilivyo kwenye swali la 5.

Operesheni ikiwa bado haijafanyika, dai gharama za matibabu ya baadaye sasa hivi. Mahakama hutoa fidia ya jeraha mara moja. Hutarudi mwaka kesho na bili ya chuma.

9. Bima wamenipa karatasi nisaini ndipo wanilipe. Baada ya hapo nitaweza kuongeza madai?

Karatasi hiyo ni hati ya kukubali malipo. Maofisini wanaiita dischaji. Tafuta ndani yake maneno yenye maana ya "malipo kamili na ya mwisho". Yakiwemo na ukasaini, umefunga mlango, hata kwa majeraha ambayo hayajajitokeza. Kuufungua tena inabidi uthibitishe kwamba ulidanganywa, ulilazimishwa, au hukuwa na akili timamu wakati ule. "Sikuelewa Kiingereza" peke yake ni utetezi dhaifu, ingawa unaweza kusaidia ukiungana na mengine.

Kwa maoni yangu hakuna karatasi ya hatari kuliko hii katika safari yote, na huletwa siku mtu ana njaa, ada ya shule inadaiwa, na hundi iko mezani. Omba uende nayo nyumbani. Ikiwa matibabu hayajaisha, pendekeza kwa maandishi ulipwe gharama za matibabu yaliyofanyika tu, bila kuathiri haki ya kudai yaliyobaki, na hati iseme hivyo. Wakikataa, angalau unasaini ukijua unauza nini.

10. Wamekataa nyongeza yangu, au wamekaa kimya.

Peleka malalamiko rasmi ya maandishi kwa kampuni kwanza. Yasipojibiwa, nenda TIRA au kwa Msuluhishi wa Migogoro ya Bima, ukiwa na nakala zote zenye mihuri. Huko huhitaji wakili ili usikilizwe. Ila saa ya swali la 4 inaendelea kutembea.

11. Tuliyamaliza nyumbani, tukaandikishana kwa mtendaji wa mtaa. Naweza kubadili?

Maandishi yale ni mkataba. Yakisema "hatadai tena chochote", umekuwa kama aliyesaini dischaji, na jibu ni la swali la 9. Yakisema tajiri atagharamia dawa tu, bado una nafasi ya kudai ulemavu na kipato kilichopotea. Wazee wanapokaa kusuluhisha, waandike kinacholipwa na kinachobaki. Kesi ya trafiki haiko mikononi mwao. Mashtaka ni ya Jamhuri.

12. Kuna mtu alinijazia fomu wodini na kunisainisha asilimia. Naweza kumwondoa?

Unaweza. Kwanza angalia kama ni wakili kweli: mfumo wa e-Wakili wa Mahakama unaonyesha nani ana leseni hai. Asipokuwemo, huyo ni kishoka. Iandikie bima kwamba umeondoa idhini uliyompa na kwamba malipo yote yaje kwako, kisha ipitie upya fomu aliyoijaza. Vishoka hupenda kuandika kiasi kikubwa kisicho na risiti, na ukiyaacha hivyo utaonekana wewe ndiye mwongo.

## Madai yakiwa mahakamani

13. Nikishafungua kesi, hati ya madai inaweza kubadilishwa?

Ndiyo. Amri ya VI kanuni ya 17 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, inairuhusu mahakama kukubali marekebisho katika hatua yoyote, kwa masharti ya haki, ili yale yanayobishaniwa kweli yaamuliwe. Mahakama za Afrika Mashariki zimekuwa zikifuata msimamo wa kesi ya Eastern Bakery ya mwaka 1958: marekebisho yanayoombwa kabla ya usikilizwaji yakubaliwe kwa mkono mwepesi, ikiwa upande wa pili hautaumia kwa namna isiyoweza kufidiwa kwa gharama. Kumbuka maneno "kabla ya usikilizwaji". Ukiomba baada ya mashahidi wako kumaliza, mkono ule unakuwa mzito.

14. Hatua zenyewe zikoje?

Unaiomba mahakama ruhusa. Marekebisho madogo yasiyopingwa huweza kuombwa kwa mdomo siku kesi inapotajwa. Makubwa yanahitaji maombi ya maandishi na kiapo kinachoeleza kilichobadilika na kwa nini hakikuwemo mwanzo. Ambatisha rasimu ya hati mpya, mabadiliko yaonekane.

Ukikubaliwa, amri itataja siku za kuwasilisha hati iliyorekebishwa. Zikipita bila wewe kuwasilisha, ruhusa imekufa hadi uombe kuongezewa muda. Andika ulichoruhusiwa tu. Kuchomeka dai jingine humo kunaweza kufanya hati nzima iondolewe. Mdaiwa naye hupewa nafasi ya kurekebisha utetezi wake, na kama kiasi kimepanda, jiandae na nyongeza ya ada. Tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2021 lugha ya mahakama ni Kiswahili, kwa hiyo dai hati unayoweza kuisoma mwenyewe. Na usitegemee mambo ya waja leo warudi leo: ombi linaweza kula tarehe mbili tatu.

15. Mahakama hukataa lini?

Kwanza, dai jipya linapokuwa limepitwa na muda. Tuseme ulifungua kesi ya kuharibiwa bajaji yako, na miaka 4 baadaye unataka kuongeza kuvunjika mkono. Mdaiwa atasema dai la mkono lilikufa mwaka wa tatu, na ana hoja. Kuongeza maelezo au gharama za jeraha lililokuwa tayari kwenye hati ni jambo jingine, na hukubalika kwa urahisi zaidi.

Pili, marekebisho yanapogeuza kesi kuwa kesi nyingine kabisa. Tatu, yanapoombwa mwishoni bila sababu ya kuchelewa.

Nne ndiyo inayowanasa hata mawakili. Upande wa pili ukishawasilisha pingamizi la awali, kwa mfano kwamba hati yako haionyeshi sababu ya kudai, huruhusiwi kukimbilia marekebisho ili kulikwepa. Mahakama ya Rufani imekuwa kali hapa kwa miaka mingi: pingamizi husikilizwa kwanza. Likishinda, hatima ya kesi hutegemea aina ya kosa, na wakati mwingine unaruhusiwa kuanza upya ikiwa muda bado upo. Kwa hiyo isome hati yako kwa jicho la adui kabla yeye hajaisoma. Kosa uliloliona mwenyewe Jumatatu ni marekebisho, akilitaja yeye Jumatano limeshakuwa pingamizi.

16. Kuna dai nililisahau. Si nifungue kesi nyingine baadaye?

Usifanye hivyo. Amri ya II kanuni ya 2 inakutaka uweke ndani ya kesi moja kila unachodai kutokana na sababu ileile. Ulichokiacha bila ruhusa ya mahakama huwezi kukishtakia tena. Omba marekebisho, au kama hati imeharibika kiasi cha kutotengenezeka, omba kuiondoa kesi kwa ruhusa ya kuifungua upya chini ya Amri ya XXIII. Ukiiondoa bila kuomba ruhusa hiyo, umeizika. Na hata ukiwa nayo, kesi mpya inahesabiwa muda wake kama vile ya kwanza haikuwepo.

17. Niliyemshtaki anasema gari alishaliuza, ila kadi bado ina jina lake.

Magari mengi, na pikipiki ndiyo kabisa, huuzwa kwa karatasi ya mkono na kadi ya usajili ikabaki na jina la zamani. Usimwachie mara moja kwa sababu amekwambia hivyo. Omba kumwongeza mnunuzi kama mdaiwa chini ya Amri ya I kanuni ya 10, na mahakama iamue dereva alikuwa anafanya kazi ya nani. Fanya mapema: aliyeongezwa leo usidhani anaingia na tarehe ya siku ulipofungua kesi. Kama miaka 3 imepita kwake, atalisema hilo kabla hajakaa.

18. Naweza kuiongeza kampuni ya bima kama mdaiwa?

Kwa kawaida hapana, kwa sababu mkataba wa bima ni kati yao na mwenye gari. Utaratibu wa Sura ya 169 ni kwamba unapata hukumu dhidi ya mwenye bima, ndipo kampuni inawajibika kuilipa. Ili iwajibike, iwe imepewa notisi ya kesi mapema. Itume siku unayofungua, na ukirekebisha hati watumie nakala mpya. Mwenye gari ndiye mwenye njia ya kuivuta bima ndani ya kesi kama mtu wa tatu.

19. Nikiongeza kiasi, kesi itahama mahakama?

Inategemea umeongeza fidia ipi. Kinachoamua uwezo wa mahakama ni dai la msingi, yaani fidia mahususi. Fidia ya jumla, ile ya maumivu na kudhoofika, hukadiriwa na mahakama na haihesabiwi. Msimamo huo ulitolewa na Mahakama ya Rufani katika shauri kati ya kiwanda cha nguo cha Urafiki na Masista wa Usambara, lililochapishwa mwaka 2006. Kwa hiyo kuandika fidia ya jumla ya mamilioni mengi hakukupeleki Mahakama Kuu Kanda ya Tanga; kunamchosha tu hakimu. Bili halisi zikipita kiwango cha mahakama uliyopo, hapo ndipo kuna la kuzungumza na wakili kabla ya kuomba marekebisho.

## Mitego ya pembeni

20. Aliyeumia amefariki madai yakiwa njiani.

Pole sana. Madai hayafi naye, ila yanabadilika. Sura ya 310, sheria inayohusu ajali zinazosababisha vifo, inawapa haki wategemezi, yaani mke au mume, watoto na wazazi, kudai walichopoteza kwa kifo hicho. Ili mtu asimame kwa niaba ya marehemu, ateuliwe kwanza kuwa msimamizi wa mirathi. Mahakama ya Mwanzo inatosha ikiwa mirathi inafuata sheria ya kimila au ya Kiislamu, ukiwa na cheti cha kifo na muhtasari wa kikao cha ukoo. Kisha iarifu bima, au iombe mahakama jina la msimamizi liwekwe mahali pa marehemu. Usisubiri arobaini iishe, muda wa kuomba badiliko hilo ni mfupi. Utahitaji pia ripoti ya daktari inayounganisha kifo na ajali. Bila hiyo watasema alikufa kwa presha.

21. Aliyeumia ni mtoto.

Mtoto hudai kupitia rafiki wa karibu, ambaye kwa kawaida ni mzazi au mlezi. Sheria ya ukomo inamhurumia: muda wake huanza kuhesabiwa anapofikisha miaka 18. Madai ya mzazi mwenyewe, kama bili alizolipa, hayana huruma hiyo. Mzazi akikubali malipo ya mwisho kwa niaba ya mtoto wakati kesi iko mahakamani, ruhusa ya mahakama inahitajika.

22. Nimegundua gari lilikuwa la serikali au la halmashauri.

Hapa huongezi jina tu. Sheria ya Mashauri Dhidi ya Serikali, Sura ya 5, inadai notisi ya siku 90 kabla ya kushtaki, na tangu marekebisho ya mwaka 2020 halmashauri zimo humo na Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe. Kesi hizo hufunguliwa Mahakama Kuu. Ukimwongeza mdaiwa wa namna hii bila notisi, pingamizi limeshaandikwa. Mara nyingi ni salama zaidi kuiondoa kesi kwa ruhusa (swali la 16), kutoa notisi na kuanza upya, ilimradi miaka 3 inakuruhusu kuzisubiri siku hizo 90.

23. Lililonigonga lina namba za Kenya, liliingilia Horohoro.

Liulizie Kadi ya Njano ya COMESA, yaani bima ya kuvuka mipaka ya Soko la Pamoja la nchi za Mashariki na Kusini mwa Afrika. Tanzania ilitoka COMESA mwaka 2000 lakini imebaki kwenye mpango huo wa bima, na kadi hiyo huwafidia watu wa tatu kwa sheria ya nchi ajali ilikotokea. Kama ulishaandika kwa kampuni ya Nairobi, ongeza nakala ya kadi na upeleke madai kupitia ofisi ya mpango huo hapa nchini. Piga picha ya kadi siku ya ajali. Gari likishavuka mpaka, kuipata ni kazi.

24. Nilikuwa kazini ajali ilipotokea.

Basi una njia ya pili, Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, kupitia mwajiri wako. Haiondoi haki ya kumdai dereva mzembe wa gari jingine, ila taja ulicholipwa huko. Bili moja haidaiwi mara mbili.

25. Hukumu imetoka, kiasi kimekosewa.

Kosa la kujumlisha au la uandishi husahihishwa na mahakama ileile kwa ombi fupi. Kama hakimu amekupa kidogo kuliko ulichothibitisha, hiyo ni rufaa na ina siku zake. Omba nakala ya hukumu siku hiyohiyo. Kama kilichokosekana ni dai ambalo hukuliandika kabisa, rufaa haitaliongeza, hata ushahidi wake ungekuwa umekunjwa mfukoni mwako.